Keki ya Kuvukia Daraja

Mtu aliyekuwa akitafutwa na polisi wa darajani alikuwa kiumbe wa ajabu. Jumatatu alikuwa mrefu na mwembamba, Jumanne alikuwa mfupi mwenye kitambi, katikati ya wiki aliota ndevu, na ikifika Ijumaa ameshazinyoa. Asubuhi aliiba baiskeli, mchana akavunja duka, jioni akamtukana bibi mmoja kwenye foleni ya benki. Kitu kimoja tu hakikubadilika, nacho ni rangi yake. Alikuwa mweusi. Mama Mlingoti aliwahi kusema kwamba mtu mwenye shughuli nyingi hivyo angekuwa ameshakufa kwa uchovu, lakini kila alipomuuliza mwanawe kwa nini amechelewa, jibu lilikuwa lile lile. Wamesema anafanana na mtu wanayemtafuta.

Mlingoti lilikuwa jina la utani. Kijana alirefuka ghafla akiwa darasa la saba, suruali zake zote zikageuka kaptura, na jina likamganda. Sasa alikuwa mtu mzima wa miaka ishirini na miwili, anajifunza ufundi wa lifti katika chuo kidogo ng'ambo ya daraja. Mama yake alifanya kazi ng'ambo hiyo hiyo, kwenye jiko la duka la keki, akipamba maua ya sukari na kuandika majina ya watu asiowajua. Baba alikuwa ameshafariki. Ndugu wa karibu alikuwa wifi yake Mama Mlingoti, aliyekaa nyumba ya pili, mwanamke mwenye mdomo ambao haukuwahi kuona likizo.

Upande wao wa daraja walikaa weusi. Upande wa pili walikaa weupe, na kazi zote zilikaa huko pamoja nao. Kwenye ncha ya daraja, chini ya kibanda cha bati, walisimama polisi. Mweupe alipita anasoma simu yake. Mweusi alisimamishwa, akashika reli, akatoa kitambulisho, akafungua begi, akaulizwa anatoka wapi na anakwenda wapi, kana kwamba daraja lina njia zaidi ya mbili. Kina mama wa umri wa Mama Mlingoti ndio peke yao walioachwa wapite. Walionekana wanakwenda kufua nguo za watu, na hakuna anayependa nguo zake zichelewe.

Mlingoti alikuwa na balaa la ziada, kwa sababu begi lake lilijaa bisibisi na spana. Ilimbidi aeleze kila moja ni ya nini, na koplo mmoja mwenye masharubu aliyekuwa mkubwa wa kibanda kile hakuwa mwepesi kuelewa. Kijana alikuwa ameshachelewa chuoni mara mbili. Msimamizi wake, mzungumzaji mzuri aliyependa kuitazama saa ya mkononi kuliko nyuso za watu, alimwambia kwamba akichelewa mara ya tatu, mtihani wa mwisho hatafanya. Bila mtihani hakuna cheti, na bila cheti hakuna atakayemruhusu kugusa hata kitufe cha lifti. Mwaka mzima na nusu ungekwenda na maji.

Basi nyie mlio na watoto wa kiume mnaelewa usingizi wa mwanamke yule ulikuwaje.

Siku moja duka la keki lilielemewa na kazi, na dereva wa kupeleka mizigo akaumwa. Mama Mlingoti akampigia mwanawe simu, akamwomba arudi na keki moja mpaka upande wao, kwa mteja aliyekuwa anasubiri. Kijana akaja, akabebeshwa boksi lenye kifuniko cha plastiki angavu, ndani yake keki nyeupe yenye maua ya waridi. Mama akabaki mlangoni akimwangalia anavyokaribia kibanda, roho iko juu.

Koplo alimwona, akainua mkono. Mama akafumba macho. Alipoyafumbua, mkono wa koplo ulikuwa bado juu, lakini ulikuwa unasimamisha magari. Magari yalisimama pande zote mbili, na yule koplo, aliyekuwa kila siku akimpapasa kijana huyu kama anatafuta nyanya zilizoiva, alikuwa anamwambia apite taratibu asije akaidondosha.

Mama Mlingoti hakulala usiku huo pia, ila safari hii ni kwa sababu ya akili iliyokuwa inachemka.

Kwenye dirisha la duka lao kulikuwa na keki za maonyesho. Keki ya kweli ikiwekwa juani inaharibika, kwa hiyo za dirishani hutengenezwa kwa povu gumu jeupe, lile linalofungiwa televisheni mpya, kisha hupakwa sukari ya kweli kwa nje. Ukiiangalia unameza mate. Ukiibeba ni nyepesi kama kofia. Moja ilikuwa imeshaanza kuwa ya njano na tajiri wa duka akasema itupwe. Mama Mlingoti alijitolea kwenda kuitupa, na akaitupa mpaka nyumbani kwake, juu ya meza, akaipaka sukari upya.

Kesho yake Mlingoti alivuka na keki. Hakuguswa. Siku iliyofuata hakuguswa. Aliificha chuoni nyuma ya mlango wa stoo, jioni akarudi nayo. Shida ilikuwa ni maandishi. Keki iliandikwa Heri ya Kuzaliwa Mama, na siku ya tatu koplo, kwa upole kabisa, alitaka kujua huyo mama anazaliwa mara ngapi kwa wiki. Kuanzia hapo mama akawa kila jioni anakwangua maandishi na kuandika mengine. Kijana alivuka na Hongera Maharusi, akavuka na Karibu Mtoto, akavuka na Pole kwa Kustaafu. Ile ya kustaafu ilimpa matata kidogo kwa sababu koplo naye alikuwa anakaribia kustaafu, akataka wazungumze.

Kubeba kulikuwa na masharti yake, na mama ndiye aliyeyatunga. Hatua fupi. Mikono yote miwili mbele, ionekane. Macho kwenye keki, usimwangalie askari kama unamtafutia ugomvi, wala usimkwepe kama unaficha kitu. Tabasamu, lakini lisizidi la mtu anayekwenda kwenye sherehe isiyo yake. Akamfanyisha mazoezi chumbani, kutoka kitandani mpaka mlangoni, kutoka mlangoni mpaka kitandani, wifi amekaa kwenye kochi akitoa alama.

"Mama, nina miaka ishirini na miwili," Mlingoti alisema, "na natembea kama naolewa."

Wifi akacheka mpaka akashika mbavu, akamwambia mwali mwenyewe ni mrefu mno, mume atapatikana wapi. Mama hakucheka. Alimwambia ainue kiwiko.

Siri ya mtaani haikai. Wifi aliiazima keki siku aliyompeleka mwanawe mkubwa hospitali ya ng'ambo, akarudi anaisifu kama dawa. Kisha akaja kinyozi, jirani wa mbele, aliyekuwa na mashine za kunyoa za kupeleka kwa fundi ng'ambo, na aliyechoka kuulizwa kama zile nyaya si za bomu. Naye akavuka salama. Wakaja wengine. Ikabidi Mama Mlingoti atafute povu zaidi kwenye duka la televisheni, na kabla ya muda mrefu kupita alikuwa na keki nane zinazopishana barabarani. Asubuhi ungewaona weusi wa mtaa ule wanavuka daraja kwa hatua fupi, mmoja nyuma ya mwingine, wote wanatabasamu kiasi. Mtu mgeni angedhani ng'ambo kuna harusi isiyokwisha.

Mama Mlingoti alinenepa kwa furaha. Aliwaambia majirani kwamba polisi hawana ubaya, ni kuwajulia tu. Na hapo ndipo alipokosea, lakini usimcheke, maana mama yeyote angekosea hivyo hivyo.

Mlingoti ndiye aliyeanza kuchoka. Jioni moja mama alimkuta amesimama jikoni anasubiri maji yachemke, mikono yote miwili ameinyosha mbele, viwiko juu, na hana kitu mkononi. Alipomgusa bega, kijana akashtuka, akaishusha.

"Unajua wananionaje siku hizi?" akamuuliza. "Hawanioni. Wanaiona keki inapita yenyewe."

Mama akamjibu kwamba hiyo ndiyo faida yake. Kijana akazima jiko, na yeye akachukulia kwamba amekubali.

Mtihani ukawa umebakisha siku moja. Ulikuwa mtihani wa vitendo, unafanywa kwa siku mbili kwa sababu mashine ya kufanyia ilikuwa moja. Nusu ya wanafunzi siku ya kwanza, nusu siku ya pili. Mlingoti alipangiwa siku ya kwanza. Mama alitaka avuke na ile keki kubwa, nzuri kuliko zote, aliyoiandika Hongera kwa Kufaulu, lakini ilikuwa kwa kinyozi.

Sasa sikiliza alichofanya kinyozi.

Mchana wa siku ile, alipokuwa anarudi, koplo alimsimamisha. Si kwa ubaya. Koplo alikuwa na njaa. Wiki nyingi keki zilikuwa zinampita puani na hakuna aliyewahi kumkaribisha hata kipande, akasema leo atajikaribisha mwenyewe. Kinyozi akajaribu kumwambia kwamba ni ya watu, koplo akasema kipande kimoja hakitaua sherehe, akachomoa kisu cha kukatia matunda na kukizamisha. Keki ikalia. Povu likikatwa linatoa sauti nyembamba ya kukwaruza, inayoingia mpaka kwenye meno, na koplo akaisikia, na askari wenzake wawili wakaisikia. Koplo aliangalia kisu, akaangalia vichembe vyeupe vilivyong'ang'ania mkono wa shati lake, akamwangalia kinyozi. Kinyozi hakusubiri maswali. Alikumbatia boksi akaenda mguu niponye.

Angekwenda moja kwa moja kumwambia Mama Mlingoti, mambo yangekuwa mengine. Lakini alijua akisema keki imeharibikia mikononi mwake hataazimwa tena, na wiki ile alikuwa na mashine nyingine ya kupeleka. Akaingia kibandani kwake, akachukua povu la kunyolea ndevu, akaziba pengo, akalisawazisha kwa kiwembe kwa ustadi wa kazi yake, akairudisha jioni huku akisema asante sana shemeji, Mungu akuzidishie. Mama Mlingoti alinusa harufu ya malimau, akasema moyoni kwamba leo sukari imekubali.

Asubuhi Mlingoti alitangulia na keki. Nyuma yake walikuwa majirani wengine kama kawaida, wifi akiwemo, kila mtu na boksi lake, na nyuma kabisa Mama Mlingoti anakwenda kazini. Walipofika katikati ya daraja aliona kibandani kuna askari zaidi ya siku zote. Mbele ya mwanawe alikuwa anapita kibandani, akitokea ng'ambo, mama mmoja mweupe, naye amebeba keki, ya kweli, kutoka duka lile lile. Koplo alimpigia saluti. Kisha akamgeukia Mlingoti, na mkono ulioinuka haukuwa wa kusimamisha magari.

Waliiweka keki juu ya ukingo wa daraja. Ile sehemu ya povu la ndevu ilikuwa imeshaanza kubonyea, na maua mawili ya waridi yalikuwa yanateremka taratibu. Koplo alichovya kidole, akanusa, akajipapasa shavu. Halafu akakata. Keki ikalia.

"Mtu asiye na hatia," koplo alisema, "anabeba keki ya uongo kwa sababu gani?"

"Kwa sababu nisipobeba mnanisimamisha," Mlingoti akajibu.

Koplo akafikiri. Akasema, "Na sasa umebeba, tumekusimamisha."

Hakuna aliyecheka, ingawa wifi baadaye aliapa kwamba askari mdogo aligeuka akakohoa. Waliobaki nyuma wakaambiwa wasiondoke. Keki zote zikapangwa ukingoni na kukatwa moja moja, na kila moja ikalia kwa sauti yake, na wapita njia weupe wakasimama kuangalia jinsi polisi wanavyopigana na sherehe. Mama Mlingoti alipita mbele, akasema keki ni zake, amezitengeneza yeye, mwenye kosa ni yeye, wamwachie kijana ana mtihani. Koplo akamwambia kwa heshima zote kwamba mama aende kazini kwake, asichelewe. Hata kukamatwa hawakumwona anafaa.

Kijana aliachwa baada ya spana ya mwisho kuelezwa. Kosa halikupatikana, kwa sababu hakuna sheria inayokataza kubeba povu. Alipofika chuoni mlango wa chumba cha mashine ulikuwa umefungwa na msimamizi alikuwa anagonga saa yake kwa ukucha.

Hapo ndipo mama aligundua ujinga wake, na ulimuuma kuliko kitu chochote. Alikuwa amemfundisha mwanawe kuogopa kwa madoido. Na polisi nao walikuwa wamejifunza. Zamani walikuwa wanawatilia shaka weusi watupu, sasa walikuwa wanawatilia shaka weusi na keki zao. Mtu mweupe na keki yake hakuongezewa hata tone la shaka. Angembebesha mwanawe nini tena? Kitoto kichanga? Wangesema amekiiba.

Mchana ule aliomba ruhusa kazini, akaenda chuoni na aproni yake, sukari bado kwenye nyusi. Msimamizi alimpa kiti na akamsikiliza mpaka mwisho, akitupa jicho kwenye saa. Kisha akamweleza kwa upole kwamba yeye mwenyewe anavuka daraja lile kila siku kwa matembezi ya asubuhi, kwenda na kurudi, mwaka wa kumi huu, na hajawahi kusimamishwa hata mara moja. Kama shida ingekuwepo angeiona. Juzi, baada ya kusikia malalamiko, alikwenda makusudi, akapita mara mbili akiwa macho, na hakuona lolote.

Mama Mlingoti alimwangalia mtu yule, msomi wa watu, safi, hana hila, anayemwambia kwamba amekwenda kuangalia mvua akiwa ndani ya gari. Alitamani kucheka na alitamani kulia, akaona vyote viwili vitamchelewesha.

"Ndiyo maana nimekuja, mzee," alisema. "Wewe una bahati na lile daraja. Kesho mvuke pamoja na mwanangu. Bahati yako ikimfunika na yeye, akafika mapema, mimi nitafunga mdomo na cheti asipewe."

Msimamizi alikataa. Mama akakaa. Akasema yeye hana haraka, kazini ameshaaga. Akaanza kumsifia ofisi, akamsifia saa, akamuuliza kama ameoa, akataka kujua mkewe anapenda keki ya aina gani. Mwisho msimamizi alisema sawa, atavuka na kijana, na akifika kwa wakati atamruhusu akae na kundi la pili, ilimradi mama huyu ainuke kwenye kile kiti.

Kesho yake walikutana mwanzo wa daraja, upande wa weusi. Mlingoti hakubeba kitu ila begi lake. Mama alimsihi kwa macho ashike japo mwavuli, kijana akakataa kwa macho vile vile, akatia mikono mfukoni. Msimamizi alikuwa na funguo za chumba cha mashine mkononi, anazichezea, anaeleza jambo kuhusu breki za lifti. Mama alifuata nyuma hatua chache, akijifanya hamnazo.

Koplo alinyosha mkono. Msimamizi akaendelea kutembea na kuongea, akapita kibanda, akaenda mbele kabisa kabla hajagundua kwamba breki anajielezea mwenyewe. Alipogeuka, mwanafunzi wake alikuwa ameshika reli.

Alirudi. Akasema kuna makosa, huyu ni mwanafunzi wake. Koplo akamuuliza kwa sauti ya chini, ya mtu anayetaka kumsaidia mwenzake, kama kijana anamsumbua. Msimamizi akasema hapana, ni mwanafunzi wangu.

"Yeye ndiye aliyekuambia hivyo?" koplo akauliza.

Msimamizi akafungua mdomo. Maneno yakaja yote kwa pamoja. Alitaja chuo, akataja cheo chake, akataja sheria, akataka jina la mkubwa wa koplo. Sauti ikapanda. Koplo akamwomba asogee pembeni kwa usalama wake mwenyewe. Msimamizi akasema hasogei. Akaelezwa kwamba anazuia kazi ya polisi. Akavuta kitambulisho, kikaangaliwa mbele na nyuma na kurudishwa kwa heshima. Cha Mlingoti kilichukuliwa ndani ya kibanda, kikasomwa kwenye redio herufi kwa herufi. Begi likafunguliwa. Msimamizi ndiye aliyeeleza bisibisi safari hii, moja baada ya nyingine, jasho linamtoka, na koplo hakuelewa upesi zaidi kwa sababu mwalimu ni mweupe. Katikati ya spana, msimamizi akaitazama saa yake. Akaitazama tena. Mama Mlingoti, aliyekuwa ameegemea reli upande wa pili, aliona jambo ambalo alilisimulia mpaka majirani wakalichoka: mtu yule aliishusha mikono ya shati akaifunika saa.

Mlingoti mwenyewe alisimama, mikono kwenye reli, akiangalia maji. Alikuwa anajua lini kila swali litakuja. Wakati fulani alimwambia msimamizi kwa upole kwamba akisema kwa sauti kubwa wanachukua muda mrefu zaidi.

Walipofika chuoni kundi la pili lote lilikuwa nje ya mlango, limekaa chini, kwa sababu funguo zilikuwa zinatoa ushahidi darajani. Msimamizi alifungua. Aliwapita wanafunzi wake bila kutamka neno kuhusu muda, akamwita Mlingoti wa kwanza. Kijana akaitengeneza ile breki, na ikashika.

Alifaulu. Si kwa alama za kutangazia, lakini alifaulu, na kampuni moja ya ng'ambo ikampokea.

Siku za mwanzo msimamizi alikuwa moto. Alimsimulia kila mtu habari za darajani, kwa mshangao, kama mtu aliyegundua kisiwa, na wanafunzi wake weusi walimsikiliza kwa adabu, wakimwambia kweli mwalimu, pole sana mwalimu. Aliandikia wakubwa. Kikafanyika kikao, watu wakanywa chai, wakaumia moyo. Uamuzi ukatoka kwamba, kwa kuzingatia hali ya daraja, masomo ya chuo yataanza saa moja baadaye kuliko zamani. Wakapongezana. Saa ikasogezwa. Polisi hawakusogea hata hatua moja, na kampuni iliyomwajiri Mlingoti haikusogeza saa yake.

Mama aliyaangalia hayo yote. Kilichomkera hakikuwa kile kikao. Ni kwamba mwanawe alisema jambo lile miaka na miaka, kwa maneno machache na bila kupiga kelele, likawa si kitu, na mtu mwingine akalipata kwa asubuhi moja likawa habari. Na zaidi ya hapo, yeye mwenyewe mama mzazi, alipolisikia, hakusema mwanangu anaonewa. Alisema ainue kiwiko. Wenzangu mnaofundisha watoto wenu namna ya kutembea, jiangalieni hapo.

Keki za povu hakuzitengeneza tena. Kinyozi alikuja kuomba msamaha na kuuliza, kwa kuzungukazunguka, kama kuna yoyote iliyosalia. Wifi alimjibu kwa niaba ya ukoo mzima, na jibu lake halifai kuandikwa.

Asubuhi ya kwanza ya kazi Mlingoti alivaa ovaroli mpya ya bluu, fupi kidogo miguuni, akachukua begi. Mama alikuwa ameshavaa viatu. Kijana akasimama mlangoni, akaziba njia yote kwa urefu wake.

"Mama, mimi nitasimamishwa leo, na kesho nitasimamishwa. Nitawajibu. Lakini nikikuona nyuma yangu unanipima hatua, nasahau kutembea. Usinifuate nyuma tena."

Alisema kwa upendo, na ndiyo maana lilichoma. Mama akasema sawa. Akarudia kwamba hatamfuata nyuma, akala kiapo, wifi akiwa shahidi. Kijana akambusu kwenye paji la uso, akaingia ndani kutafuta soksi.

Alipotoka nje mtaa ulikuwa mtupu. Akafika darajani, mikono mfukoni, akakuta kibandani pana kituko. Koplo alikuwa amekaa kwenye ndoo iliyopinduliwa, suruali ameikunja mguu mmoja, na mbele yake amechuchumaa mama mmoja mweusi wa makamo, anamkanda goti kwa kidole gumba, anamuuliza maumivu yalianza lini na kama mkewe anamlisha vizuri. Kila koplo alipojaribu kuinua kichwa kuangalia nani anapita, yule mama alibonyeza mahali fulani, na koplo akafumba macho.

Mlingoti alipita hatua kwa hatua, za kwake mwenyewe, ndefu. Alimkata mama yake jicho.

Mama hakuinua uso. Aliahidi kutomfuata nyuma, na ahadi ameitimiza mpaka leo. Kuhusu kumtangulia, hakuna aliyemuuliza.